Ukurasa wa Ishirini

Montevideo, 14 Oktoba 1985

Mjomba Olegario,

Shikamoo. Naiona barua hii ikikukuta barazani, mbwa wako Jaji amelala miguuni pako kama hakimu asiye na kesi ya kusikiliza, na goti lako limekubali hatimaye kwamba baridi imekwisha. Sisi huku hatujambo. Mama anakusalimu sana. Yale mayai uliyompa dereva wa basi yalifika, thelathini kasoro matatu, na hayo matatu yaliyopasuka Mama aliyakaanga papo hapo. Anasema hakuwa na njaa, aliyaonea huruma tu.

Leo natimiza wiki ya tatu katika ofisi yako ya chuoni. Naiita yako kwa sababu kila mtu huiita hivyo. Nikiuliza ufunguo wa kabati la chuma, naambiwa, "Muulize mjomba wako alikouficha." Umeondoka miaka saba iliyopita na bado unalaumiwa kwa kila kinachopotea! Najua kwamba bila lile neno lako jema nisingepokelewa, na kila asubuhi nikivua koti nakushukuru kimoyomoyo. Lakini nipo kwa majaribio hadi tarehe 31 Machi, Mjomba, na naogopa. Naogopa simu ikilia. Naogopa zaidi isipolia, maana hapo nadhani nimeikata mimi.

Kazi yangu kubwa sasa ni kamati inayochagua makala za somo la utangulizi la sosholojia. Wanajeshi waliotutawala wamerudi kambini, na walimu wanataka orodha mpya ya makala kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza kabla ya Machi. Nafasi ni kumi na mbili. Mimi naandika kumbukumbu, na kwa kuwa ndiye mdogo, nawamiminia pia maji ya moto kwenye kibuyu cha majani ya yerba. Kibuyu cha kwanza nakunywa mwenyewe kama ilivyo ada, maji ya uvuguvugu, uchungu, na vumbi lote la majani mrijani. Cha pili, ambacho ndicho chenye ladha, nampa mwenyekiti, kisha kinazunguka. Nashukuru kuwa na chupa ya maji moto mkononi, mtu hawezi kuona kama naogopa.

Wanagombana vizuri sana. Ijumaa Mwalimu Pintos, yule aliyerudi juzi kutoka uhamishoni Meksiko, alipiga meza akasema, "Mababa wa sosholojia wenye ndevu wameshachukua nafasi saba! Zimebaki tano kwa ajili ya watu waliowahi kupanda basi."

"Ndevu hizo ndizo zinazokulisha, kijana," akajibu mwenyekiti.

"Zinanilisha, ndiyo, lakini nywele nazikuta kwenye supu."

Wakacheka. Kisha wakafika kwenye makala ya zamani, isiyo na jina la mwandishi, iitwayo "Nani Anamimina". Inahusu wanawake wa kiwanda cha kuosha sufu na jinsi walivyokuwa wakizungusha kibuyu wakati wa mapumziko. Imekuwa ndani ya faili la makala miaka yote ya wanajeshi. Mwalimu Pintos alisoma ukurasa wa mwisho kwa sauti ya mtangazaji wa gwaride, akaitupa mezani. "Kurasa kumi na tisa za simba," akasema, "na mkia wa paka." Mara hii hakuna aliyecheka. Wote wanajua aliyeiandika ni Profesa Hortensia Larrosa, yule aliyefukuzwa mwaka 1976. Anarudi kufundisha Machi. Wanaamini alibadilisha mwisho wa makala yake ili kuwafurahisha watawala, na bado wakamfukuza.

"Tumwondolee aibu," Mwalimu Pintos alisema taratibu. "Tuifute kimyakimya. Karani, usiandike sababu."

Sikuandika. Uamuzi utapitishwa tarehe 16 Desemba. Wewe ulikuwa ofisini siku zile, Mjomba. Je, unamkumbuka Profesa Larrosa?

Mpwa wako,
Nidia


Melo, 2 Novemba 1985

Nidia, mwanangu,

Marahaba. Barua yako nimeipata, nikaisoma mara mbili, mara ya pili kwa sauti ili Jaji naye asikie habari zake. Goti halijambo ila usiku wa mvua. Kuku mwekundu ameanza kutaga ndani ya kofia yangu ya jua, na mimi naenda mjini kichwa wazi kama mtu aliyefiwa. Mwambie dada yangu mayai yajayo nitayafunga kwa sufu, kila moja na blanketi lake.

Nimefurahi kwamba wamekupokea vizuri. Usinishukuru. Niliwaandikia mistari miwili tu, na yote ilikuwa kweli.

Sikiliza mambo ya kazi. Karatasi za kaboni usiziache karibu na dirisha, jua linazikausha. Mwenyekiti akisema "haraka", ana maana ya kesho. Akisema "ukipata nafasi", ana maana ya sasa hivi. Ufunguo wa kabati la chuma uko nyuma ya picha ya jengo la zamani, umening'inia msumarini, ulikuwa hapo siku zote. Watu hawatazami nyuma ya picha.

Profesa Larrosa namkumbuka. Alikuwa na mwandiko mzuri.

Makabrasha ya zamani yana vumbi, na wewe tangu mtoto una kifua. Waache wakubwa wachague, wewe mimina tu. Pichi mwaka huu zitakuwa nyingi.

Mjomba wako,
Olegario


Montevideo, 25 Novemba 1985

Mjomba mpendwa,

Shikamoo. Poleni na mvua, tumesikia redioni kwamba mto umepanda huko. Mama amepata miwani mipya na sasa anaona vumbi ambalo halikuwepo zamani, nyumba nzima hatupumziki. Ufunguo nimeupata mahali uliposema. Mwenyekiti aliniita "mpwa wa kweli wa Olegario", nami nilikaa saa nzima nikijiuliza kama ni sifa.

Ndani ya kabati nilikuta stensili zote za zamani za kurudufishia, pamoja na za "Nani Anamimina". Nilijiambia nahakikisha tu kama hakuna ukurasa uliopotea. Nikasoma zote kumi na tisa wakati wa chakula cha mchana, mkate wangu ukakauka pembeni. Nilidhani makala za chuo lazima ziwe kama ukuta. Hii ina watu. Kuna mwanamke katika ukurasa wa kumi na moja anayefunga kiganja kwa kitambaa kwa sababu maji ya sufu yamembabua, naye anaweza kusema kwa kukitazama kibuyu tu nani leo ana huzuni. Nilimkumbuka Bibi Ramona. Nilikuwa na miaka minne alipofariki, lakini mikono yake naikumbuka.

Halafu nikafika ukurasa wa ishirini. Naunakili hapa wote, ni mfupi:

"Siku ya mwisho ya uchunguzi wetu, msimamizi aliingia wakati wa mapumziko. Wanawake walisimama. Aliyeshika chupa alimpa yeye kibuyu cha kwanza, na wote wakamshukuru kwa kazi waliyo nayo na kwa utulivu uliopo nchini. Kwa hiyo kila mtu alikuwa mahali pake."

Niliona haya kwa niaba ya mtu ambaye simjui. Kisha nikaona jambo lingine. Kurasa kumi na tisa zimepigwa kwa taipureta ya ofisi, ile kubwa ya kijivu ninayoitumia mimi. Ukurasa wa ishirini umepigwa kwa mashine nyingine. Herufi t yake imevunjika mkono wa kulia.

Barua yako ya tarehe 2, uliyoipiga kwa taipureta yako, iko hapa mezani kwangu.

Sikuulizi kitu, Mjomba. Nilitaka tu ujue kwamba kamati inakaa tarehe 16.

Mpwa wako,
Nidia


Montevideo, 12 Desemba 1985

Mjomba,

Shikamoo. Mama anauliza kama u mzima, maana basi la Jumanne limekuja bila mayai na bila barua. Nimemwambia mto bado umejaa. Sijui kama ni kweli.

Zimebaki siku nne. Kama nimekukosea kwa yale niliyoandika, niambie. Nakuheshimu kuliko mtu yeyote. Nikiwa na miaka tisa ulinilipia darasa la taipu, na kila mkate ninaokula leo unatoka kwenye vidole vile. Sisahau.

Nidia


Montevideo, 17 Desemba 1985

Mjomba mpendwa,

Shikamoo. Joto limetushukia kama blanketi la ng'ombe. Sisi wazima. Naandika haraka kwa sababu nisipokueleza leo nitakosa ujasiri.

Jana walipitisha orodha. Mababa wenye ndevu walipunguzwa wakabaki na sita, jambo lililochukua saa mbili na karibu litenganishe marafiki. Kisha mwenyekiti akasema, "'Nani Anamimina' inafutwa. Kuna pingamizi?" Nami nilikuwa nimesimama nyuma yake namimina. Sikukusudia kusema kitu. Chupa iliniponyoka kidogo, maji ya moto yakamwagika juu ya suruali ya Mwalimu Pintos, akaruka.

"Binti! Nimetoroka wanajeshi ili nije kuchemshwa hapa?"

Nikasema, "Ukurasa wa ishirini haukupigwa na mashine ya ofisi."

Sijui kwa nini nilisema hilo badala ya kuomba radhi. Mwalimu Pintos alikuwa bado anapunga suruali yake.

"Umejuaje?" akauliza.

"Kwa t."

Nikawaonyesha stensili mbili dirishani, bega kwa bega. Mwenyekiti alivaa miwani, akavua, akavaa tena. "Profesa Larrosa hakuwahi kugusa stensili," akasema. "Yeye aliandika kwa mkono. Sasa nani alipiga hii?"

Nilisema sijui. Ndiyo mara yangu ya kwanza kusema uongo ndani ya ofisi hiyo.

Hawakuifuta. Wameiacha hadi mkutano wa tarehe 17 Februari. Muswada wa asili haupo: toleo la kwanza liliondolewa maktaba, na karatasi za Profesa zilichukuliwa zote nyumbani kwake. Mwalimu Pintos aliniambia mlangoni, bila mzaha, "Itafute mashine hiyo, binti. Kama mtu mwingine aliandika mkia ule, basi mimi nimemtukana mwanamke asiye na kosa kwa miezi mitatu."

Ikijulikana ni yako, watasema mjomba alighushi na mpwa alificha. Machi 31 haiko mbali. Niambie nifanye nini.

Nidia


Melo, 6 Januari 1986

Nidia,

Marahaba, mwanangu. Leo ni Siku ya Wafalme Watatu, watoto wa jirani wameweka viatu dirishani wapate zawadi, na mmoja amemwekea ngamia wa Wafalme ndoo nzima ya maji. Pichi zimeiva. Nakutumia sanduku, zenye madoa zile kwanza.

Naandika kwa mkono. Unajua kwa nini.

Ni mimi. Nimechelewa kukujibu kwa kuwa kila nilipokaa kwenye mashine niliona t.

Ilikuwa Agosti 1977. Profesa alikuwa ameshafukuzwa. Kapteni aliyewekwa kukagua masomo aliniita, akaniambia Jumatatu ataipitia orodha nzima ya utangulizi, makala kwa makala. Alikuwa mtu mpole, jambo lililonitisha zaidi. Askari wake alikuwa akimfuata na chupa ya maji moto kila aendako, akimwekea kibuyu mkononi, yeye hata kichwa hakuinua. Aliniambia, "Mimi huwa naanza na ukurasa wa mwisho, Bentancor. Hapo ndipo watu husema wanachotaka." Nilijua "Nani Anamimina" haitapita. Mwisho wake wa kweli usingepita hata kwa kapteni kipofu.

Jumapili mchana, mtaa mzima ukisikiliza mpira redioni, nilikaa nyumbani nikaandika ukurasa wa ishirini. Nilitoa jina la Profesa, nikaweka shukrani na utulivu. Timu yetu ilifunga mara mbili, sikusikia hata bao moja. Jumatatu kapteni akasoma, akatikisa kichwa kwa kuridhika, akapiga muhuri. Makala ikabaki.

Usinifanye shujaa. Niliogopa hata kwenda haja. Niliogopa kuifuta, niliogopa kuiacha, nikachagua hofu ndogo. Ukurasa wa kweli niliuchoma jikoni. Mwaka uliofuata nikaacha kazi, nikaja huku na mashine yangu, kwa sababu niliwasikia wanafunzi koridoni wakisema Larrosa amejiuza. Niliyaokoa maandishi yake nikaliua jina lake. Hilo ndilo limenikalisha Melo, si goti.

Sasa sikiliza. Mimi nimekwisha kustaafu, wewe hujathibitishwa. Barua hii ni yako, fanya utakavyo nayo. Ukiichoma, sitauliza. Ukiwapa kamati, sitakana. Nakuomba jambo moja tu: usimpelekee Profesa. Siwezi kufikiri kwamba anaisoma.

Olegario


Montevideo, 20 Februari 1986

Mjomba mpendwa, mjomba wangu,

Shikamoo, na shikamoo tena. Nimechelewa kwa sababu chuo kilifungwa Januari yote, na kwa sababu nilikuvunjia ombi lako, nikawa naogopa kukuandikia. Mama hajui chochote ila anasema pichi za mwaka huu ni tamu kuliko za miaka yote, naye amezifanya jamu hadi sufuria zimekwisha. Ngoma za Karnivali zinapigwa mtaani ninapoandika, usinilaumu mwandiko ukicheza.

Niliibeba barua yako mkobani mwezi mzima. Tarehe 12 nilikwenda kwa Profesa Larrosa.

Nilitegemea kumkuta kati ya vitabu. Nilimkuta kati ya majoho meupe ya watoto wa shule. Tangu walipomfukuza, Mjomba, amekuwa akiishi kwa kushona, na Februari ndiyo msimu wake, kila mama anataka joho kabla ya Machi. Yalikuwa yametandazwa kitandani, mezani, juu ya redio, na tai za buluu zimejaa bakuli la matunda. Ni mwanamke mfupi, mwenye pini mdomoni.

"Umekuja kwa joho?" akauliza. "Wewe umeshapita umri."

Nikamwambia mimi ni karani, na mjomba wangu ni Olegario Bentancor. Akatoa pini.

"Olegario mzima? Ana afya? Alikuwa na mwandiko mbaya, lakini akipiga taipu hakosei koma." Nikacheka, nikataka kulia. Kisha nikampa ukurasa wa ishirini. Hakuwahi kuuona. Miaka tisa watu wamemhukumu kwa ukurasa ambao hakuwahi kuushika mkononi, na hakuna aliyemwambia, maana kila mmoja aliona haya kwa niaba yake.

Aliusoma akiwa amesimama. Akaketi juu ya majoho mawili yaliyopigwa pasi. Uso wake ulikuwa kama mlango uliofungwa. Nilianza kuomba radhi, nikakupa udhuru wote ulionao na mwingine usio nao, akainua mkono ninyamaze. Akausoma tena. Ndipo akaanza kucheka, Mjomba! Alicheka hadi pini zikamwagika sakafuni.

"Wewe ndiye unayewamiminia kamati?" akauliza.

"Ndiyo, Profesa."

"Basi isome tena, polepole, kama mtu mwenye chupa mkononi. Msimamizi alipewa kibuyu gani?"

Nikasoma. "Cha kwanza," nikasema. Na hapo hapo nikauona.

"Cha kwanza!" akasema. "Uchungu, vumbi na maji ya uvuguvugu. Hata mgeni mbaya hapewi cha kwanza. Wanawake thelathini wanasimama, wanampa bwana mkubwa kile tunachokiita cha mjinga, halafu wanamshukuru. Na kapteni akapiga muhuri!"

"Hakuwahi kumimina," nikasema. "Alikuwa na askari wa kumshikia chupa."

"Na wale maprofesa wenu?"

Nikaona haya kujibu. Cha pili kila siku nampa mwenyekiti, na kibuyu kinawafika kikiwa tayari. Mimi, ambaye cha kwanza nakinywa kila asubuhi, nilinakili sentensi ile kwa mkono wangu nisiione, kwa sababu nilikuwa nasoma neno "shukuru" peke yake na kulionea aibu.

Nikampa barua yako. Nisamehe. Alipofika pale uliposema umeliua jina lake alikunja barua, akatazama dirishani. Nakuandikia maneno yake kama alivyoyasema, niliyaandika kwenye basi nisisahau:

"Mwambie Olegario hivi. Niliposhona joho la mia, nilidhani kila nilichoandika kimekufa. Kumbe kila Machi watoto mia tatu, mia nne walikuwa wanakwenda kwenye kibanda cha fotokopi na kubeba kurasa zangu kumi na tisa chini ya kwapa, mlangoni mbele ya askari. Jina langu ningelifanyia nini ndani ya nyumba hii? Kurasa zile zilikuwa na kazi. Mwambie namshukuru. Na mwambie kwamba yeye akiendelea kujificha Melo, nitapanda basi niende kumtoa kwa sikio."

Kisha akanipa joho moja nilikunje, tukakunja pamoja hadi jioni.

Tarehe 17 kamati ilikaa. Nilisoma barua yako kwa idhini ya Profesa, nikasema mwenyewe kwamba mimi ni mpwa wako na kwamba Desemba nilidanganya. Nilikuwa tayari nimevaa koti. Mwenyekiti akaniuliza naenda wapi. Nikasema nadhani majaribio yangu yamekwisha. "Yamekwisha, ndiyo," akasema, "nilisaini uthibitisho wako Ijumaa. Vua koti, maji yanapoa." Kesho yake Mwalimu Pintos alikwenda kwa Profesa na trei ya keki, akakaa huko saa tatu, na nasikia alirudi ameshonewa kifungo cha shati.

"Nani Anamimina" sasa ni makala ya kwanza kwenye orodha, kabla ya ndevu zote. Jina lake limerudi. Ukurasa wako unabaki pia, kama ulivyo, t iliyovunjika na yote, na wanafunzi wataulizwa kibuyu cha ngapi. Lakini ukurasa wa kweli hatuna. Profesa amejaribu kuuandika upya akashindwa. Anakumbuka tu kwamba kibuyu kilimruka msimamizi. "Niliandika vizuri zaidi nilipokuwa nawaona," anasema. Basi ukurasa wako utafuatwa na nafasi tupu.

Ana swali moja kwako. Je, ulikijua kile kibuyu cha kwanza ulipokiandika, au ni hofu na haraka tu? Anasema atakushukuru vilevile, jibu lolote. Mimi pia. Nakushukuru kwa darasa la taipu, kwa mistari miwili, kwa ufunguo nyuma ya picha, na kwa Jumapili ile ambayo hukusikia mabao. Kwa muda mrefu nilidhani watu waoga hawana wanachoweza kufanya.

Mpwa wako,
Nidia


Melo, 9 Machi 1986

Nidia, mwanangu,

Marahaba. Naandika kwa mashine, hakuna tena sababu ya kuificha t. Mvua imenyesha siku mbili na nimekaanga mikate ya mafuta, Jaji amekula minne na sasa hawezi kuhukumu chochote. Kuku mwekundu ameangua vifaranga sita ndani ya kofia. Nimempa kofia, ni yake.

Barua yako ilinikuta natoka bustanini, nikaisomea mlangoni, na viatu vyenye matope. Sikuweza kuingia ndani wala kurudi nje. Jirani akapita akauliza, "Don Olegario, kuna msiba?" Nikamwambia hapana, ni kinyume chake, na sikujua kinyume cha msiba kinaitwaje.

Nilikudanganya Januari. Ukurasa wa kweli sikuuchoma. Ulikuwa chini ya kitambaa cha kasha la taipureta hii, umekunjwa mara nne, miaka tisa. Nilisema nimeuchoma kwa sababu sikutaka kuutoa, si kwa kapteni wala kwa kamati. Sasa nautoa. Umo ndani ya bahasha hii, kwa mwandiko wa Profesa mwenyewe. Ushike kwa uangalifu, mikunjo inataka kuachia. Piga nakala kwanza, halafu mrudishie mwenyewe, na umwambie nitakuja Aprili, sikio langu nitalileta mwenyewe. Nitamletea mapera, yatakuwa yameiva.

Utausoma kabla hujampa, nakujua. Utaona kwamba siku ile kibuyu kilizunguka mara tatu, na mara tatu kilimruka msimamizi, na hakuna mwanamke aliyesema neno. Wiki iliyofuata mashine zote zilisimama kwa mgomo. Na utaona jina la aliyeshika chupa. Mwanamke yule mwenye kitambaa kiganjani, wa ukurasa wa kumi na moja, ukurasa wa ishirini unamtaja: Ramona Bentancor. Hukukosea, mwanangu, ni mikono ileile unayoikumbuka.

Basi mjibu Profesa swali lake. Jumapili ile niliandika kila uongo walioutaka. Niliandika shukrani, niliandika utulivu, niliandika kila mtu mahali pake, na vidole havikusita. Lakini ilinibidi mtu yule anyweshwe na mkono wa mama yangu, na cha pili sikuweza kumpa.

Mjomba wako,
Olegario